Nafasi ya Kuliwa na Mamba kwa Mujibu wa Puasoni

Jumatatu, 9 Juni 2025

Likizo! Nimefika kijijini mchana kutoka Kibiti, kwa pikipiki, mgongo umekufa. Nilikuwa nimejipangia wiki nne za wali wa nazi na kulala. Badala yake mke wangu Mwamini kanipokea na habari. Kijiji kinajenga kizimba mtoni.

Kizimba! Nguzo ishirini na nne za kupigilia ndani ya maji, kuzunguka pale wanawake wanapochota, mamba asipate pa kupita. Bomba la mkono lilikufa na mafuriko. Kisima cha shule kiko mbali. Kwa hiyo kila mwanamume mwenye nguvu ataingia mtoni, maji ya kiuno, siku nne mfululizo. Jina langu ni la tatu kwenye orodha. Mwamini kahakikisha limeandikwa bila makosa.

Nimeuliza nani kaleta wazo hili. Ridhiwani. Nani mwingine? Ridhiwani mwenye mtumbwi, niliyekaa naye dawati moja mpaka la saba, ambaye hadi leo ananiita Mudy mbele za watu. Mimi Mwalimu Mudathiri! Mwenye shahada!

Niandike ukweli, maana daftari hili halisomwi na mtu. Namwogopa mamba. Si kama wengine wanavyomwogopa. Wengine wanamwogopa wakiwa mtoni. Mimi namwogopa nikiwa ubaoni, nafundisha. Nikioga kwa ndoo, naangalia kwanza ndani ya ndoo.

Siingii. Wallahi siingii.

Jumanne, 10 Juni

Nimejaribu ugonjwa. Asubuhi nilimwambia Mwamini goti linauma. Kauliza lipi. Nikasema la kushoto. Mchana kanikuta uani nachechemea kwa la kulia. Kaninyima samaki.

Nimeshika madaftari ya kidato cha sita ili nisifikirie maji. Na humo, kwenye mada ya uwezekano, ndiyo nimeuona mlango wa kutokea.

Puasoni!

Mfaransa, mwanahisabati, amekufa zamani. Kwa lugha yao jina lake maana yake samaki. Ujanani walitaka awe daktari wa upasuaji, mikono ikawa mizito, akashindwa, akakimbilia hesabu. Nampenda sana. Mwaka 1837 alitoa kitabu kuhusu hukumu za mahakama, na humo ndani mna kanuni ya mambo yanayotokea kwa nadra. Huhitaji kujua mengi. Unahitaji wastani tu. Ukijua jambo hutokea mara ngapi kwa mwaka, kanuni inakupa nafasi ya kutotokea kabisa, ya kutokea mara moja, ya kutokea mara mbili. Miaka mingi baada yake mtu mwingine aliijaribu kwa askari wa farasi waliouawa kwa mateke ya farasi wao. Ikakubali! Vifo vilijipanga kwenye jedwali kama watoto wa chekechea.

Kama inakubali kwa farasi, itakataa kwa mamba?

Nitathibitisha kwamba mto wetu ni salama. Mto ukiwa salama, kizimba cha nini? Kizimba kisipojengwa, nani aingie majini?

Jumatano, 11 Juni

Nimekwenda ofisini kwa mtendaji wa kijiji, Bi Mwanawetu. Mama mkali, miwani puani, hata salamu yake ina mhuri. Nimeomba daftari la matukio. Kauliza la nini. Nimesema utafiti.

Tangu katikati ya 2019 mpaka leo, miaka sita. Matukio ya mamba kwenye kivuko chetu: sita. La mwisho Machi mwaka huu, mguu wa Khamisi fundi baiskeli. Alipona. Wawili katika hao sita hawakuonekana tena.

Wakati wa kunakili niliruka safu ya majina. Bi Mwanawetu kaona. Akasema, “Andika na majina, Mwalimu, si idadi tu.”

Nimeandika idadi tu. Majina yanatisha. Sita haina sura.

Alhamisi, 12 Juni

Hesabu. Sita kwa miaka sita ni wastani wa tukio moja kwa mwaka. Safi kabisa!

Nimekokotoa kwa mwaka mzima. Nafasi ya kutotokea tukio lolote: asilimia thelathini na saba. Yaani sitini na tatu kwa mia, mtu atakamatwa. Nimefunga daftari. Nimekunywa maji. Ya mtungini, baada ya kuangalia ndani.

Kisha nimepata akili. Kwa nini mwaka? Nani kasema mwaka? Nimekokotoa kwa mwezi mmoja. Nafasi ya kutotokea lolote: asilimia tisini na mbili! Hiyo ndiyo namba. Hiyo ndiyo watakayoisikia.

Kuna masharti kidogo. Kanuni inataka wastani usibadilike, na tukio moja lisiwe na habari ya lingine. Lakini mafuriko yamewasogeza mamba karibu, na mamba mwenye mayai si sawa na mamba aliyeshiba. Najua. Sitayataja. Mkutano wa kijiji si mahali pa masharti.

Jioni Ridhiwani kapita na nyavu begani. Kasikia habari za utafiti. Kauliza kama huyo Mfaransa aliwahi kufika Rufiji. Nimesema hapana. Kauliza basi mamba wetu kamjulia wapi. Nimemwambia hilo ni swali la mtu asiyesoma. Kacheka, kasema, “Sawa Mudy.”

Ijumaa, 13 Juni

Mkutano baada ya swala ya Ijumaa. Nilivaa kanzu mpya. Nilibandika karatasi ukutani kwenye ghala la korosho na kuchora jedwali kwa kalamu nyekundu. Watu walinyamaza! Niliwaeleza Puasoni, farasi, wastani. Nikamalizia na asilimia tisini na mbili. Wazee wakatikisa vichwa kukubali. Wanaume wote wa kwenye orodha wakaanza kunitazama kwa mapenzi. Hapo nikatambua kwamba si mimi peke yangu nisiyetaka kuingia majini.

Kisha Bi Tabu akasimama.

Bi Tabu alikamatwa 2022. Mkono wa kushoto unaishia kwenye kiwiko. Alisimama taratibu, khanga kaitupia upande ule, akauliza kwa sauti ya kawaida kabisa.

“Mwalimu, katika asilimia zako, mimi ni ipi? Ile tisini na mbili au ile nane?”

Sijui kwa nini nilijibu nilivyojibu. Nilisema, “Bi Tabu, wewe umo kwenye wastani.”

Mtu nyuma kasema astaghfirullah. Bi Tabu akaendelea kunitazama. Hakukasirika. Laiti angekasirika.

Nikaogopa kwamba mambo yanaharibika, nikasema uongo. Nikasema kwa kuwa mwaka una tukio moja, na la mwaka huu limekwisha kutokea Machi, basi mamba kamaliza sehemu yake. Puasoni angenikana mbele ya kadhi. Kanuni yake haina kumbukumbu. Kila siku mto unaanza upya, kana kwamba Machi haikuwahi kuwepo. Nafundisha hivyo kila mwaka, na vijana wakikosea nawakata alama.

Lakini watu walishusha pumzi. Mikono ikanyooshwa. Kizimba kimeahirishwa mpaka mwakani. Tena wamenichagua mwenyekiti wa kamati ya maji, Ridhiwani kapata kura kumi na moja tu!

Nimeshinda. Niko nchi kavu.

Jumamosi, 14 Juni

Nimeamka mwenyekiti. Nimekunywa chai na mihogo kama mwenyekiti. Kisha nimemwona Mwamini anatoka na ndoo mbili, anashika njia ya mtoni. Si ya kisima cha shule. Ya mtoni!

Nimemuuliza anakwenda wapi. Kasema mtoni, kwani kuna nini? Mume wake ndiye mwenyekiti, ndiye kasema tisini na mbili. Mke wa mwenyekiti akipita na ndoo kwenda kisimani, watu watasemaje?

Kaondoka. Nimekaa kizingitini mpaka karudi, na katika muda huo nimezeeka.

Nimekokotoa. Kijiji kina wanawake wengi, siku ni moja, nafasi ya yeye hasa kukamatwa ni ndogo sana. Ndogo kiasi gani? Nimerudia mara tisa. Inapungua na kupungua. Haifiki sifuri. Kwa Puasoni hakuna kitu kinachofika sifuri. Miaka kumi na minane nimeifundisha kanuni hii, sikuwahi kuona kwamba inatisha.

Jumapili, 15 Juni

Mbinu ya kwanza: nimeficha ndoo darini. Mwamini kaazima za jirani.

Mbinu ya pili: nimesema maji ya mto yana tope. Kasema atayachuja na kuyachemsha, kama anavyofanya tangu tuoane.

Mbinu ya tatu: nimejitolea kuchota mimi. Kanitazama kama mtu anayetazama mbuzi anayesoma. Nimechukua baiskeli na madumu, nimezunguka nyuma ya mikorosho, nimekwenda kisima cha shule kilomita tatu. Nani nimemkuta kisimani? Ridhiwani, anaosha miguu. Kauliza mwenyekiti anatafuta nini kisimani wakati mto umetangazwa salama. Nimesema nafanya mazoezi ya mwili. Kasema safi sana Mudy, na kanisaidia kufunga madumu. Nilitamani nimwambie. Neno lilifika mpaka kwenye meno. Lakini kumwambia ni kukiri, na kukiri ni kuingia majini.

Nyumbani Mwamini kayaonja maji. Kasema haya si ya mto. Kisha kasema kitu kidogo, anatandaza mkeka, hata hakunitazama: “Baba Sabra, kama una la kusema, sema.”

Nimesema goti.

Jumatatu, 16 Juni

Mwandiko utakuwa mbaya.

Nililala kidogo baada ya chai. Nilipoamka Mwamini hayupo. Wala majirani hawapo. Nyumba sita, kimya, ndoo hazipo. Nikatoka mbio. Miaka mingi sijakimbia. Kandambili zinapiga visigino. Nikawa nasoma Ayatul Kursiy na asilimia kwa pamoja, vikachanganyika.

Nikatokeza kwenye ukingo. Wanawake wamesimama kwa mstari, migongo kwangu. Khanga ya Mwamini ya manjano ya mwisho kabisa. Na mbele yake, majini, hatua kumi hivi, gogo.

Gogo lilikuwa linakwenda kinyume na mkondo.

Sikufikiri. Ningefikiri nisingefanya. Nilipiga kelele, nikateremka ule ukingo, nikampita Mwamini ili nikae kati yake na lile gogo. Tope likanivuta, nikaanguka, nikainuka maji yakiwa kiunoni. Nikageuka kumwambia akimbie.

Wote walikuwa nchi kavu. Wote! Kila mmoja ameshika mti mrefu uliofungwa kopo la lita tano mwishoni, anachota kwa mbali. Hakuna mguu hata mmoja uliolowa. Hawakuwahi kuiamini ile tisini na mbili, hata siku moja. Mtu pekee ndani ya Mto Rufiji alikuwa mimi.

Mwamini kasema, “Baba Sabra, umeingia humo kufuata nini?”

Kisha kaangalia nyuma yangu, na uso wake ukabadilika. Miaka kumi na sita ya ndoa, sijawahi kuuona uso ule.

Gogo lilikuwa na macho.

Nikaganda. Nilisikia Bi Tabu anapiga debe kwa jiwe, anapiga kwa nguvu, analia na kutukana. Nikasikia kasia likipiga maji, kisha mkono ukanishika ukosi nyuma, nikaburutwa juu ya ubao wa mtumbwi kama kambale. Ridhiwani. Maji yakapasuka pale nilipokuwa nimesimama. Nimeiona rangi ya ndani ya kinywa cha mamba. Ni ya manjano kama ya yai. Kaondoka na kandambili yangu ya kushoto.

Ridhiwani hakuniita Mudy. Alikuwa anahema. Akasema tu alhamdulillah, alhamdulillah, mpaka tukafika.

Mlangoni Mwamini kanishika shati kwa mikono miwili, kalia. Kasema alitaka niseme ukweli tu. Kasema alikuwa anangoja niseme, kila siku alikuwa anabeba ndoo ananingoja niseme.

Nami nimelia. Nimemwahidi sitasema uongo tena. Nimeahidi kwa dhati kabisa.

Bi Mwanawetu kaleta daftari la matukio nyumbani. Anauliza kama kandambili inahesabiwa.

Jumatano, 18 Juni

Mkutano wa dharura. Nilitarajia kuzomewa. Nilijiandaa: nilikuwa na hotuba kuhusu masharti ya kanuni na jinsi umma ulivyoielewa vibaya.

Bi Mwanawetu hakunipa nafasi. Kavua miwani. Kasema kaisoma ile karatasi yangu ukutani na kajaribu hesabu mwenyewe, na mwanawe anayesoma Dar kaikagua kwa simu. Kasema kama mwezi mzima una salama ya tisini na mbili, basi siku nne za kujenga kizimba zina salama ya karibu tisini na tisa. Hesabu ni ya mwenyekiti, si yake. “Kwa hiyo hakuna haja ya kuogopa. Mwenyekiti atatangulia, wengine watamfuata.”

Makofi! Makofi marefu kuliko ya Ijumaa.

Nimetafuta kosa katika hesabu yake. Hakuna.

Jumapili, 22 Juni

Siku nne zimekwisha. Niandike upesi kabla mwili haujasahau.

Hofu ya kuwa ndani ya maji si kama nilivyoiwaza. Nilidhani ni kelele. Ni kimya. Unasikia nyundo, unasikia watu wanatania, na chini ya yote unasikiliza miguu yako. Kila jani likikugusa unakufa kidogo. Nimekufa mara mia mbili kwa siku. Wanaume kumi na wanne tulisimama duara, nyuso nje, wengine wakipigilia katikati. Bi Tabu ukingoni na debe lake, tangu asubuhi mpaka tunapotoka. Hakutaka mtu ampokee zamu. Anapumzika kidogo, anapiga tena, mkono ule mmoja.

Siku ya tatu Ridhiwani alikuwa kando yangu, bega kwa bega. Nikaona kidevu kinamcheza. Akasema polepole, wengine wasisikie, kwamba naye anaogopa. Kila siku anapoingia kwenye mtumbwi anaogopa, tangu utoto. Ndiyo maana alikitaka kizimba. Alidhani mimi msomi ningeelewa.

Nilimshikia nguzo ikanyooka, akapigilia. Kwa muda nilimpenda kama ndugu.

Baadaye nimekumbuka kwamba mkutano wa dharura uliamua uchaguzi wa kamati urudiwe mwezi ujao, na kwamba watu hawatamchagua mtu mwoga. Nimelihifadhi hilo.

Jumatano, 25 Juni

Kizimba kimefunguliwa. Maulidi fupi, ubwabwa, biskuti. Walimwacha Bi Tabu aingie wa kwanza. Kaingia mpaka magotini, kasimama sana bila kufanya kitu, nguzo zimemzunguka. Kisha kainama, kateka maji kwa kiganja, kanawa uso. Mara ya kwanza katika miaka mitatu. Wanawake wakapiga vigelegele. Mwamini kanishika mkono.

Nimetafakari kwa kina. Siku nne majini. Wanaume kumi na wanne. Walioliwa: sifuri. Kanuni ilisema karibu asilimia tisini na tisa, na ikawa! Nguzo zimesaidia, sikatai, na lile debe kidogo. Lakini kitaalamu, aliyeshinda ni Puasoni, na aliyemleta Puasoni ni nani?

Habari zimesambaa. Mchana kanipigia mtu wa kijiji cha Ngarambe, anaitwa Hemedy, mwenyekiti wa wakulima. Tembo wanatoka porini wanamaliza mpunga. Kauliza kama hesabu yangu inafanya kazi kwa tembo. Nimesema kwa tembo ndiyo hasa, ni mkubwa, anahesabika kwa urahisi. Kauliza kama naweza kutaja siku ambazo hatakuja. Nimesema naweza. Kauliza kama ni hakika. Nimemtajia asilimia. Nilikuwa sijapewa hata wastani.

Mwamini kasikia kutoka jikoni. Kauliza naongea na nani. Nimesema mambo ya shule.

Wananifuata Jumatatu kwa pikipiki. Wanataka nikae shambani kwenye dungu wiki nzima, mimi mwenyewe, ili wakulima wapate imani. Nimekubali. Dungu limejengwa juu ya nguzo, futi nane kutoka ardhini, na ngazi unaivuta. Nimeona ni salama kabisa.

Urefu wa tembo sikuuliza. Lakini kwa wastani hawezi kuwa mrefu sana.